Mchanga Usafishao Maji

Watu wengi wadhani ya kuwa kusafisha maji kwa mchanga ni kama kuchekecha unga: chenga husalia juu, kilicho safi hupita. Sivyo. Wadudu waletao kipindupindu ni wadogo mno, hawaonekani ila kwa hadubini, na nafasi iliyo baina ya chembe na chembe ya mchanga ni njia pana kwao. Basi ni nini kiwazuiacho? Habari ya miji miwili ya Ujerumani yatufunulia.

Hamburg na Altona ilikuwa miji iliyogusana, na yote miwili ilikunywa maji ya mto Elbe. Watu wa Hamburg waliyateka juu ya mji, wakayatia katika mabomba bila kuyachuja. Wa Altona waliyateka chini, mahali ambapo taka za Hamburg zimekwisha kuingia mtoni. Walakini wao waliyapitisha polepole katika mabirika makubwa ya mchanga. Mwaka 1892 kipindupindu kikaingia. Hamburg wakafa watu zaidi ya 8,000. Altona, ambao maji yao yalikuwa machafu zaidi, wakafa wachache sana kuliko hao. Tena palikuwa na nyumba kadha ndani ya mpaka wa Hamburg zilizopata maji kwa bomba la Altona: nazo zikasalimika.

Siri yake ni hii. Maji yakiisha kupita siku kadha, juu ya mchanga hutanda utando wa ute, kama ule uteleza juu ya mawe ya kijito. Atakayeuona atauita uchafu. Kumbe ndio mlinzi. Humo mna viumbe hai vidogo ambavyo huwanasa na kuwala wadudu wa maradhi. Kazi yao yataka nafasi, kwa hiyo maji yashuke inchi 4 hadi 8 tu kwa saa. Utando ukizidi unene maji hukwama; ndipo huparuzwa mchanga wa juu kidogo tu, na maji ya kwanza baada ya hapo hayanywewi, humwagwa mpaka utando utande tena.

Altona wenyewe walifundishwa jambo hili kwa uchungu. Majira ya baridi ya mwaka 1893 birika moja liliparuzwa wakati wa jalidi kali, mchanga ukaganda, maji yakapenya bila kusafika. Kipindupindu kikazuka mjini mwao. Mwaka huo huo Hamburg nao wakafungua mabirika yao ya mchanga.

Mwenye pipa la mchanga nyumbani asiukoroge wala kuuosha wote kila juma kwa kupenda usafi, wala asiuache ukauke, maana viumbe vile hufa. Maji yabaki yamesimama kama inchi 2 juu ya mchanga. Na yakiisha kuchujwa, yachemshwe kabla ya kunywewa.