Khabari za Twiga na Jina Lake

Fahamu, ewe ndugu msomaji, ya kuwa twiga kwa Kiarabu huitwa zarafa. Na Waajemi wa kale walimwita kwa jina la kuunganisha, maana yake ngamia-ng'ombe-chui. Kwa ajili ya jina hilo watu wakadai kuwa yeye si mnyama wa asili, bali ni mzao wa ngamia wa mwituni, ng'ombe wa mwituni na fisi. Khabari ikapokewa na huyu kwa yule, pasi na kuuliza ni nani aliyeona. (Tusiwacheke, nasi twasikia mengi barazani.)

Al-Jahiz wa Basra, aliyefariki mwaka 255 wa Hijra, aliikataa katika Kitabu chake cha Wanyama. Akasema: Waajemi hao hao humwita mbuni ngamia-ndege, wala jina hilo halikulazimisha kuwa mbuni amezaliwa na ngamia na ndege. Hoja fupi, nayo yatosha.

Baada ya zaidi ya miaka mia tano jina likawateka wengine. Mwaka 1414 twiga alifika Uchina kutoka Bengali, na mwaka 1415 akafika mwingine kutoka Malindi yetu. Wakuu wa Mfalme Yongle wakamwita qilin, mnyama wa baraka wa hadithi zao. Akaonyeshwa barazani kwa mfalme, akatungiwa sifa, akachorwa pamoja na mchungaji wake ameshika kamba.

Na shingo ile iliyowashangaza wote ina pingili saba tu, idadi ile ile ya shingo ya mwanadamu, ila kila pingili ni ndefu mno.