Somo la Mwezi Huu: Mwongoze Mtoto Wako kwenye Kazi za Sayansi

Ndugu msomaji, ikiwa unakaa Matuu au jirani yake, bila shaka umekwisha kuuona mfereji wa Yatta. Maji yake hutolewa mto Thika, nayo husafiri kiasi cha kilomita 60 kupita nchi kavu. Mfereji huo ulichimbwa katika miaka ya 1950, wakati wa Hali ya Hatari, na waliouchimba walikuwa mahabusu waliolazimishwa kazi. Yafaa tulikumbuke jasho lao, maana leo maji hayo hukuza nyanya, bamia, pilipili na mishiri, na watoto wengi wamelipiwa karo kwayo.

Lakini tafakari jambo moja. Maji hayapandi mlima. Mfereji ukiwa na mteremko mkali, maji huukata udongo. Ukikosa mteremko, maji husimama na mchanga huujaza. Basi kabla jembe la kwanza halijapigwa, ilibidi mtu apime nchi kwa chombo na kuandika hesabu. Kazi hiyo ya kupima ni sayansi. Si uchawi, wala si siri ya watu wa mbali. Mtoto wako aweza kujifunza.

Sayansi imo shambani mwako

Twaa mfano wa mahindi ya Katumani. Huku kwetu mvua ni chache, na huenda zikakatika kabla mahindi ya kawaida hayajatoa mbelewele. Wataalamu wa kituo cha utafiti cha Katumani, karibu na mji wa Machakos, walilishughulikia jambo hili katika miaka ya 1960. Walichagua mimea inayowahi kutoa maua, wakaipandisha, wakachagua tena, msimu baada ya msimu. Wakapata mbegu inayoiva kwa siku 90 hadi 120 hivi. Mahindi hayo hayashindani na ukame, huukimbia. Yanakuwa yamekwisha kuzaa wakati jua linapokuwa kali.

Sasa jiulize: nani atatafuta mbegu ya kesho? Wazee wale hawapo tena kazini. Kazi hii yahitaji vijana wanaoijua nchi hii, waliowahi kuona ndengu zikinyauka na mama akizitazama.

Gharama ya kutojua

Mwaka 2004 watu wa Makueni, Kitui, Machakos na Thika waliugua ghafla. Macho yaligeuka manjano na matumbo yakavimba. Watu 317 waliandikwa kuwa wameugua, na 125 kati yao walikufa. Wataalamu waliyapima mahindi, wakalinganisha nyumba za wagonjwa na nyumba za wazima. Wakaona kuwa hatari ilizidi mahali ambapo mahindi yaliwekwa ndani ya nyumba yakiwa bado mabichi. Kuvu ilikuwa imeota na kutoa sumu iitwayo aflatoksini. Sumu hiyo haiishi kwa kupikwa.

Tazama basi: kilichowaua watu hao ni chakula chao wenyewe, kilichovunwa kwa taabu. Na kilichoonyesha chanzo ni kupima, kuuliza na kulinganisha.

Majaribio matatu ya nyumbani

Usingoje shule ipate maabara. Mpe mtoto kazi hizi, na daftari la kuandikia.

1. Jaribio la chumvi. Twaa chupa kavu ya kioo yenye kifuniko. Tia mahindi mpaka theluthi ya chupa, kisha tia kijiko cha chumvi iliyokauka vizuri. Tikisa kwa dakika chache, uiache itulie dakika 15. Chumvi ikigandamana na kioo, mahindi yana maji zaidi ya sehemu 15 katika 100, yarudishwe juani. Isipogandamana, usifanye haraka: mahindi ya kuweka ghalani yasizidi sehemu 13 na nusu, kwa hiyo yaanike tena siku moja au mbili.

2. Jaribio la mbegu. Hesabu mbegu 100, uzifunge katika gunia lenye unyevu, ulinyunyizie maji kila siku. Baada ya siku saba hesabu zilizoota. Zikiota 60 tu, mtoto amejua asilimia bila kuchapwa fimbo, nawe umejua mbegu hiyo si ya kutegemea.

3. Kupima mvua. Simika mkebe wenye kuta zilizonyoka mahali pa wazi, mbali na miti na mapaa. Kila asubuhi mtoto apime maji kwa rula na kuandika milimita, kisha ayamwage. Baada ya misimu michache mtajua tarehe za kupanda kwa maandishi, si kwa kukisia.

Usimnyamazishe anayeuliza

Mwaka 1963, huko Tanganyika, mwanafunzi wa shule ya Magamba aitwaye Erasto Mpemba alikuwa akitengeneza aiskrimu na wenzake. Kwa kuogopa kukosa nafasi katika friji, aliyaweka maziwa yake yangali moto. Yakaganda kabla ya maziwa ya mwenzake yaliyopoa. Alipouliza sababu, mwalimu alimwambia kuwa amechanganyikiwa, na wenzake wakamcheka. Hakuacha. Baadaye, akiwa shule ya Mkwawa, Iringa, alimwuliza Dakta Denis Osborne wa chuo kikuu cha Dar es Salaam. Dakta huyo hakucheka, alikwenda kujaribu. Mwaka 1969 wote wawili walichapisha habari hiyo, na wataalamu wa dunia wanabishana juu yake hata leo.

Mtoto akikuuliza swali usilolijua, usiseme, "Nyamaza, hayo si ya watoto." Sema, "Sijui, mwanangu. Tutajuaje?" Neno hilo halina gharama.

Na binti je?

Wako wazazi wasemao kuwa hesabu ni za wavulana. Wangari Maathai, mzaliwa wa Nyeri, alipelekwa shule kwa sababu kaka yake alimwuliza mama yao kwa nini Wangari haendi kusoma. Mama akakubali. Mwaka 1971 binti huyo alipata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Nairobi, wa kwanza miongoni mwa wanawake wa Afrika ya Mashariki na Kati. Elimu yake ilikuwa ya maumbile ya wanyama. Mwaka 2004 akapewa tuzo ya amani ya Nobel. Haya yote yalianza kwa swali moja la nyumbani.

Njia ya masomo

Kijana, nawe sikiliza. Tangu Januari 2026 mwanafunzi aingiaye Gredi ya 10 huchagua mkondo mmoja katika mitatu, na mmoja wao ni wa sayansi, teknolojia, uhandisi na hisabati. Zungumza na mwalimu mapema. Usiache hisabati kwa kuwa ulianguka mara moja. Bila hiyo milango mingi hufungwa. Ukipenda mimea au wanyama, shika sana baiolojia na kemia. Ukipenda maji, mitambo au upimaji wa ardhi, shika fizikia.

Vyuo haviko mbali. Kipo Chuo Kikuu cha Machakos, kipo kile cha South Eastern Kenya huko Kitui, na cha Jomo Kenyatta huko Juja. Na asiyefikia chuo kikuu asikate tamaa: Chuo cha Kilimo cha Bukura hufundisha maafisa wa kilimo, na maabara zahitaji mafundi wenye mikono mizuri. Kila mwaka pia kuna mashindano ya sayansi ya shule, yaanziayo mashinani mpaka taifa. Peleka jaribio lako la mbegu.

Maswali ya kujiuliza mwezi huu

Je, mtoto wangu ana daftari la shamba? Je, swali lake la mwisho nililijibu vipi? Je, mahindi yaliyo ghalani mwangu leo nimeyapima?

Anza na la tatu leo hii, kabla ya chakula cha jioni, na mtoto ndiye aitikise chupa.