Kusaidiwa Si Kutawaliwa

Neno hili, kumsaidia mlemavu, twalitamka kwa wepesi, na mara nyingi maana yake nyumbani ni kumwamulia: alale wapi, ale nini, asome au asisome. Yuko Mmarekani mmoja aliyeipinga maana hiyo maisha yake yote, ingawa mwenyewe hakuweza hata kujigeuza kitandani. Jina lake ni Ed Roberts, nasi twapenda wazazi wamjue.

Alizaliwa mwaka 1939. Mwaka 1953, akiwa kijana wa miaka 14 apendaye sana michezo, alishikwa na polio huko kwao California. Chanjo ya ugonjwa huo ilipatikana miaka miwili baadaye. Aliponea chupuchupu, lakini tangu shingo hadi nyayo hakubakiwa na nguvu isipokuwa katika vidole vichache. Ili apumue, alilazwa ndani ya pafu la chuma, yaani pipa kubwa ambalo hewa yake husukumwa na kuvutwa hata kifua cha mgonjwa kikapanda na kushuka. Daktari alimwambia mama yake kwamba heri mtoto afe, maana akiishi atakuwa «mboga» tu. Ndivyo waitwavyo huko watu wasioweza kufanya lolote. Ed alikata tamaa, akakataa chakula, akakonda mno. Kisha, siku muuguzi wake wa mwisho alipoondoka, akakata shauri mwenyewe kuishi. Baadaye alizoea kutania: ikiwa hapana budi awe mboga, basi atakuwa atichoki, mboga yenye miiba nje na moyo laini ndani.

Yafaa tukae kidogo kwa mama huyo, Zona. Mwanzoni Ed alisoma kwa simu toka nyumbani, na hiyo ilimpendeza, kwani aliogopa kutazamwa. Mama akashikilia kwamba aende shuleni mwenyewe. Akaenda, wakamtazama kweli, naye akaona kwamba hafi kwa hilo. Alipomaliza masomo, shule ikamnyima cheti kwa kuwa hakufanya mazoezi ya mwili, wala hakujifunza kuendesha motokaa! Zona aliwaendea wakubwa wa elimu, akabishana nao mpaka cheti kikatolewa.

Mwaka 1962 akaingia Chuo Kikuu cha California, Berkeley. Idara ya serikali iliyopaswa kumlipia ilikuwa imekataa, ikisema kwamba mtu wa hali hiyo hataajiriwa kamwe. Magazeti yakaivalia njuga, ikageuza neno. Bweni la kubeba uzito wa pafu la chuma halikupatikana, basi akapewa chumba katika hospitali ya chuo. Alikubali kwa sharti moja: pahali pale pahesabiwe bweni, si wodi. Wengine wenye ulemavu mkubwa wakamfuata, wakaanza kudai kingo za njia za miguu zichongwe kuwa mteremko ili viti vya magurudumu vipite.

Mwaka 1972 kikaundwa mjini humo Kituo cha Maisha ya Kujitegemea, kikiongozwa na walemavu wenyewe. Hapa ndipo penye kiini cha habari. Kujitegemea kwao hakukuwa kufanya kila jambo bila msaada; Ed alivishwa nguo na kulishwa hadi mwisho wa maisha yake. Lakini msaidizi alichaguliwa naye, akaelekezwa naye, na asipofaa aliachishwa kazi naye. Saa ya kuamka aliitaja yeye. Mikono ilikuwa ya mwingine, shauri lilikuwa lake. Twadhani wengi wetu, kwa upendo kabisa, twampa ndugu yetu mikono na papo hapo twamnyang'anya shauri.

Jerry Brown alipokuwa gavana wa California mwaka 1975, alimteua Ed kuwa mkurugenzi wa idara ile ile iliyosema hataajiriwa kamwe. Akaiongoza hadi 1983. Mwaka huo alianzisha pamoja na wenzake, Judith Heumann na Joan Leon, taasisi ya kueneza fikira hizo duniani. Alikuwa ameoa, akapata mtoto wa kiume.

Alifariki mwaka 1995, mwenye umri wa miaka 56. Kiti chake cha magurudumu kimewekwa katika makumbusho ya taifa huko Washington. Berkeley nako, mwaka 2010, palifunguliwa jengo lenye jina lake. Ndani yake mna njia nyekundu ya mteremko, inayozunguka kama konokono hadi ghorofani, na humo hupita wenye miguu na wenye magurudumu pamoja.