Safari ya Siku Chache Mlimani Kilimanjaro

Nchi ya Kibaha na Kisarawe ni nchi ya chini. Kibaha iko kando ya njia kuu itokayo Dar es Salaam kwenda Morogoro. Kisarawe iko upande wa kusini, penye vilima vya Pugu. Machoni pa watoto wa huko vilima hivyo ni virefu, walakini hata kilele kinachovipita vyote hakifiki mita 400 juu ya bahari. Mtu apandaye Pugu alfajiri huweza kushuka kabla ya jua kuwa kali, akaenda kulima mihogo yake au kuokota korosho zake, wala hakuna kilichombadilika ila uchovu wa miguu.

Kilimanjaro ni jambo jingine. Kilele chake cha Uhuru, kilicho juu ya Kibo, kina urefu wa mita 5,895, wala hapana mlima mwingine katika Afrika uupitao. Kila mwaka watu wengi huupanda, na wengi wao wana siku chache tu, kwa kuwa kazi zao zawangoja nyumbani. Basi yafaa kujua ni kitu gani ambacho mtu mwenye haraka aweza kukipunguza katika safari hiyo, na ni kitu gani asichoweza kukipunguza hata kidogo.

Tutwae mfano wa vijana wawili: mmoja karani wa Kibaha, wa pili mwalimu wa Kisarawe. Wamepata ruhusa ya siku saba. Safari ya gari kutoka Kibaha kupitia Chalinze, Segera, Korogwe na Same mpaka Himo, na kutoka Himo kupanda Marangu, yala siku nzima. Na kurudi vivyo hivyo. Saba ukitoa mbili zabaki tano. Njia ya Marangu yaweza kupandwa na kushukwa kwa siku tano, ingawa wenyeji hushauri sita. Kwa miezi mitatu vijana hawa wamekuwa wakipanda vilima vya Pugu kila Jumamosi, kila mmoja na mzigo mgongoni. Miguu yao imekuwa na nguvu kama ya punda, nao wadhani wamekwisha kujitayarisha.

Wamesahau kitu kimoja, nacho ni hewa.

Hewa haionekani, lakini ina uzito. Twaeni magunia kumi ya sufi, myapange moja juu ya jingine. Gunia la chini hugandamizwa na yale tisa yaliyo juu yake, hata sufi yake hushikamana. Gunia la juu kabisa halikandamizwi na kitu, nalo hubaki jepesi. Ndivyo ilivyo hewa. Watu wa Kibaha na Kisarawe wakaa karibu na gunia la chini, na kila pumzi waivutayo imejaa. Katika kilele cha Uhuru, pumzi moja huleta karibu nusu tu ya hewa ambayo ingeleta pwani. Kifua ni kile kile, na mapafu ni yale yale, lakini chakula chake kimekuwa nusu.

Mwili hujua kujisaidia. Kwanza pumzi huwa za haraka, na moyo hupiga upesi. Kisha, siku zikipita, damu nayo hubadilika ili ichukue vema hewa ile chache. Lakini kazi hiyo haifanywi kwa saa moja, wala haitegemei nguvu za miguu. Mkimbiaji hodari aweza kuugua siku ile ile ambayo mzee apandaye polepole ni mzima. Kwa hiyo madaktari wametoa kanuni: mtu akiisha kupita mita 3,000, mahali pa kulala pasizidi pale pa jana kwa zaidi ya mita 500, na kila apandapo mita 1,000 apumzike siku moja.

Sasa tuitazame hesabu ya vijana wetu. Usiku wa kwanza walala Mandara, karibu mita 2,700. Usiku wa pili walala Horombo, karibu mita 3,700. Siku ya tatu wafika kibanda cha Kibo, karibu mita 4,700, na usiku ule ule yawapasa kuondoka kwenda kileleni. Kila siku wameongeza mita 1,000, yaani mara mbili ya kanuni, wala hawakupumzika hata siku moja.

Siku ya kwanza ilikuwa njema. Walipita mwituni, penye miti mirefu yenye ndevu za kuvu na kima warukao matawini. Siku ya pili msitu ulikwisha, wakatokea penye vichaka na upepo wa baridi. Karibu na Horombo waliona mimea ya ajabu, yenye mashina manene na majani yaliyojikusanya juu kama kabichi kubwa. Kiongozi wao, mzee wa Marangu, alitembea mbele kwa hatua ndogo ndogo. Vijana walipotaka kumpita, aliwazuia kwa fimbo yake akisema, “Polepole, wanangu. Mlima hauna mbio.” Sheria ya hifadhi hairuhusu mtu kupanda bila kiongozi mwenye kibali, na sababu yake ilikuwa karibu kuonekana.

Siku ya tatu walivuka uwanda mkavu ulio kati ya kilele cha Mawenzi na Kibo, mahali pasipo mti wala kijito. Hapo karani akaanza kunyamaza. Walipofika kibandani hakutaka kula. Alitoka nje, akatapika nyuma ya jabali, kisha akamshika mwenzake mkono.

“Ndugu yangu,” akasema, “kichwa kinaniuma kama kinataka kupasuka. Lakini usimwambie mzee. Akijua atanirudisha. Fedha tumekwisha kulipa, na ruhusa kama hii hatuipati tena mwaka huu.”

Mwalimu hakujibu. Walikuwa marafiki tangu utoto, na siri ya rafiki ni amana. Lakini karani alipoinuka kuingia ndani, aliyumba kama mtu aliyelewa, akajigonga kwenye mwimo wa mlango. Mwalimu alipoona hivyo, alikwenda moja kwa moja kwa kiongozi akamwambia yote.

Mzee akachora mstari mavumbini kwa fimbo. “Mwanangu,” akamwambia karani, “tembea juu ya mstari huu, kisigino mbele ya kidole.” Karani akajaribu mara mbili, mara zote mbili akaanguka ubavuni.

“Huyu halali hapa,” akasema mzee. “Atashuka sasa hivi.”

“Mzee, niache nipumzike mpaka saa sita ya usiku. Nitapona.”

“Kupumzika hapa ni kuendelea kunywa sumu ile ile. Dawa yako iko chini. Mlima utakuwapo mwakani. Angalia na wewe uwepo.”

Karani akamtazama mwenzake kwa uchungu, akasema, “Umeniuza.” Kisha akaenda zake, ameshikwa na msaidizi wa kiongozi, na taa mbele yao.

Yafaa kujua kwa nini mzee hakungoja. Kuumwa kichwa, kukosa hamu ya kula, kutapika na kukosa usingizi ni dalili za kwanza za ugonjwa wa mlima. Mtu mwenye dalili hizo asipande zaidi mpaka zimwishe, na zikizidi ashuke. Lakini ziko dalili nyingine mbaya kuliko hizo. Mtu akiyumba au akisema maneno yasiyo na maana, ubongo umeanza kuvimba. Akikohoa, akatweta hata akiwa amekaa kitako, maji yameanza kujaa mapafuni. Magonjwa hayo mawili huweza kumwua mtu kwa muda wa saa chache. Ziko dawa na vyombo vya kumsaidia, lakini hakuna kinachoshinda kushuka upesi, hata kama ni usiku na mvua yanyesha. Na mgonjwa mwenyewe asiachiwe kukata shauri, maana akili yake ndiyo iliyoshikwa na ugonjwa.

Usiku wa manane mwalimu na kiongozi waliondoka. Watu huondoka saa hizo ili wafike juu kunapopambazuka, wapate nafasi ya kushuka mchana. Tena kokoto za mteremko huwa zimeshikamana kwa baridi, wala hazitelezi sana. Kulipokucha walifika ukingo wa shimo la Kibo, penye kituo kiitwacho Gillman, karibu mita 5,700. Jua lilichomoza nyuma ya Mawenzi. Kilele cha Uhuru kilionekana ng’ambo ya ukingo, na mwalimu alikitamani. Lakini kila hatua tatu ilimbidi asimame, na vidole vyake vilikuwa vimekufa ganzi. Kiongozi akamwambia, “Yatosha.” Mwalimu akageuka bila kubisha.

Alimkuta karani Horombo, ameketi mlangoni juani, amekwisha kunywa uji. Mita 1,000 za kushuka zilikuwa zimemponya. Karani hakusema habari ya siri ile. Alimvua mwenzake mzigo, akamfunika blanketi lake mwenyewe, akasema, “Mwakani tuombe siku nane.”

Huenda mtu akafikiri kwamba vijana hao walishindwa. Na aikumbuke habari ya wale waliofika kwanza katika kilele hicho. Mjerumani Hans Meyer aliujaribu mlima mwaka wa 1887, akafika penye barafu, akarudi. Mwaka wa 1889 alikuja tena pamoja na Ludwig Purtscheller wa Austria, wakakaribishwa na Mangi Mareale wa Marangu. Na watu wa Marangu husimulia kwamba kijana wao, Yohani Kinyala Lauwo, ndiye aliyewaongoza. Safari hii Meyer alipanga kambi juu mlimani, na wapagazi wakawaletea chakula kutoka Marangu, ili wapate kukaa huko siku nyingi bila njaa. Tarehe 3 Oktoba walifika ukingo wa shimo, wakaona kilele kiko mbele yao, lakini nguvu zimepungua na saa zimekwenda. Wakarudi. Wakapumzika, wakapanda tena, na tarehe 6 Oktoba 1889 wakasimama juu kabisa. Chakula walichopelekewa kiliwanunulia siku, na siku ziliwapa kilele.

Basi mwenye siku chache afanye nini? Apunguze mzigo, apunguze matembezi ya mjini, apunguze hata urefu wa njia. Lakini asipunguze masiku ya kulala mlimani. Akipata siku moja zaidi, na aitumie Horombo: apande kidogo mchana, ashuke kulala pale pale, mwili upate kuzoea. Asipoipata, na achague mwisho ulio karibu. Kufika Horombo na kurudi ni safari nzuri yenye kumwonyesha msitu, vichaka na uso wa Kibo. Kisha awe mkweli kwa kiongozi wake kila jioni. Kiongozi amewaona wengi wakipanda, naye ajua uso wa mtu atakayeanguka. Wahenga walisema: Asiyesikia la mkuu huvunjika guu.

Maswali

1. Kwa nini pumzi moja ya Kisarawe ina hewa nyingi kuliko pumzi moja ya kilele cha Uhuru? Eleza kwa mfano wa magunia ya sufi.

2. Kupanda vilima vya Pugu kuliwafaa vijana kwa jambo gani, na hakukuwafaa kwa jambo gani?

3. Piga hesabu: kwa kanuni ya madaktari, mtu aliyelala penye mita 3,000 ahitaji kuongeza usiku mingapi mpaka alale penye mita 4,500, na apumzike siku ngapi njiani?

4. Taja dalili mbili ambazo mtu akiwa nazo yampasa kushuka mara moja.

5. Karani alisema, “Umeniuza.” Je, ni kweli kwamba mwenzake alimwuza? Toa sababu zako.

6. Meyer na Purtscheller walifanya nini tarehe 3 Oktoba 1889, na kwa nini jambo hilo liliwasaidia tarehe 6?