Besi Yako Haijakosea, Karatasi Ndiyo Imebadilika

Mdogo wangu wa Milimani, barua yako nimeisoma, na pole. Unasema umepuliza besi kanisani, katika bendi ya Jeshi la Wokovu, tangu utotoni, na noti unazisoma vizuri. Sasa umejiunga na bendi nyingine hapo Kisumu, ukapewa karatasi yenye ufunguo usioujua, ukapuliza ulichokiona, na kiongozi akakuambia mbele ya wenzako kwamba hujui muziki. Unauliza kama urudishe chombo. Usirudishe. Kusoma unajua. Ulichokutana nacho ni utaratibu mwingine wa kuandika, na hakuna aliyekufundisha huo.

Jeshi la Wokovu lilifika Kenya mwaka 1921, likaja na mtindo wa Uingereza wa kupuliza na kuandika. Katika bendi za mtindo huo karibu kila chombo, kuanzia koneti hadi besi kubwa kupita zote, huandikiwa kwa ufunguo wa G, ule wa sauti za juu. Ni tromboni ya besi tu iliyobaki na ufunguo wa F. Sababu yake naipenda sana: mpiga besi akihamia Nakuru, mpiga koneti hukaa kwenye kiti chake jioni hiyohiyo. Vidole havijifunzi upya, kwa kuwa C ya karatasini hupulizwa bila kubonyeza vali yoyote, chombo kiwe kikubwa au kidogo. Sauti inayotoka ndiyo huwa tofauti.

Wewe uliyeimba kwaya kwa do re mi hili si geni kwako. Mwalimu akisema leo do ni F, kesho ni G, unafuata bila kuhangaika. Basi kila tarumbeta lina do yake, na urefu wa bomba ndio unaoiamua. Tromboni na eufoniamu zikinyooshwa hufika kama mita 2.7, na do yao ni B flati. Besi ya E flati, kama hiyo yako, inakaribia mita 4. Besi ya B flati ni kama mita 5.5, mara mbili ya eufoniamu, na ndiyo maana inakwenda oktava nzima chini yake.

Sasa huko ulikohamia wanaandika kama wanavyoandika bendi za kijeshi, zile zilizopita uwanja wa Jomo Kenyatta kule Mamboleo siku ya Madaraka ya 2021. Tuba, eufoniamu na tromboni huwekewa ufunguo wa F, na noti inataja sauti halisi, ileile ya piano. Ukisoma C, kiongozi anataka C ya piano. Wewe ukipuliza C yako ya kanisani, anasikia E flati. Hapo ndipo ugomvi wenu ulipoanza.

Kwa besi ya E flati kuna njia ya mkato, na wapigaji wa zamani wanaitumia kila siku. Chukua ukurasa wa ufunguo wa F, usome kana kwamba ni ufunguo wa G, kisha ondoa flati tatu. Wimbo wenye flati tatu utausoma bila alama yoyote. Wenye flati mbili utausoma kwa shapu moja, yaani G yako. Jaribu na E flati iliyo katika nafasi ya tatu: kwako nafasi hiyo ni C, hubonyezi kitu, na sauti inatoka sawasawa. Kuwa macho na alama zinazojitokeza katikati ya wimbo. E hiyohiyo ikirudishwa kuwa ya kawaida, wewe isome C shapu. Makosa mengi hutokea hapo.

Na yule rafiki yako uliyemtaja, anayepuliza eufoniamu, asiige njia hii, haitamfaa. Yeye amwombe kiongozi ukurasa wenye herufi T.C. juu yake, maana wachapishaji wengi hutoa sehemu ya eufoniamu kwa namna mbili, na wenye B.C. ndio wa ufunguo wa F.

Hata hivyo, usiishi kwa mkato maisha yako yote. Jifunze ufunguo wa F wenyewe, taratibu, dakika chache kila siku: soma noti kwa jina, sema vali zake, ndipo upulize. Ukiujua huo utaingia bendi yoyote, na hata kwaya ya kanisani utaweza kusoma sauti ya nne katika kitabu cha nyimbo.

Umeandika pia kwamba wapo wanaokuambia besi ni ya wavulana. Wapuuze. Besi inataka pumzi ndefu na midomo iliyotulia, na vyote viwili hupatikana kwa mazoezi ya noti ndefu. Kama chombo ni kizito, kaa kwenye kiti kisicho na mikono, ukipakate, wala usikiinamie.

Jumamosi fika mazoezini mapema, umwambie kiongozi kwa heshima: “Mwalimu, mimi nilifundishwa kwa ufunguo wa G, na chombo changu ni cha E flati.” Kiongozi anayejua kazi yake ataelewa hapohapo. Asipoelewa, mwonyeshe kwenye piano. Na wengine mnaotaka kuniandikia kuhusu jambo hili, tafadhali nitajieni chombo chenu ni cha E flati au B flati, na karatasi mliyopewa ina ufunguo gani, nipate kuwajibu sawasawa.