Somo la Sita: Kuzima Hali ya Mchezo Inayojiwasha Yenyewe katika Simu na Kompyuta

Lengo la somo

Baada ya kulisoma somo hili, mtumiaji ataweza kutambua kama simu au kompyuta yake ina kipengele cha hali ya mchezo, kueleza kinachofanyika kipengele hicho kinapojiwasha, kupima kama kinamfaa, na kukizima bila msaada wa fundi.

Hali ya mchezo ni nini?

Simu janja na kompyuta nyingi zinazouzwa leo humfikia mnunuzi zikiwa na kipengele kilichokusudiwa wapenzi wa michezo ya kielektroniki. Majina yake ni mengi. Katika kompyuta za Windows na vifaa vya Apple huitwa Game Mode. Katika simu za Samsung, Game Booster. Katika simu za Xiaomi, Game Turbo. Watengenezaji wengine nao wana majina yao, na karibu yote hubeba neno la Kiingereza “Game”. Kazi yake ni moja: kifaa kikibaini kuwa mchezo umefunguliwa, hubadili mwenendo wake chenyewe ili mchezo uende bila kukwama.

Mabadiliko hayo huwa ya aina tatu. Kwanza, mchezo hupewa kipaumbele katika matumizi ya prosesa na kumbukumbu, na programu nyingine hurudishwa nyuma. Pili, katika simu nyingi, arifa za ujumbe na hata simu zinazoingia hufichwa au kunyamazishwa ili mchezaji asikatizwe. Tatu, baadhi ya vidhibiti hufungwa, kama vile mwanga wa kioo unaojirekebisha wenyewe na vitendo vya kutelezesha kidole.

Hakuna ubaya katika hayo yote kwa mtu aliyeyachagua. Tatizo huanza pale kipengele kinapowashwa na mtengenezaji na kujiendesha chenyewe, huku mwenye kifaa hajui kuwa kipo.

Kwa nini mtumiaji aizime?

Sababu ya kwanza, na iliyo nzito kuliko zote, ni kukosa taarifa. Katika nyumba nyingi simu moja hutumiwa na zaidi ya mtu mmoja. Chukulia mfano wa mama lishe anayepokea malipo kwa simu. Jioni mwanawe anaichukua simu hiyo na kufungua mchezo wa mpira. Hali ya mchezo inajiwasha, na kama imepangwa kuzuia arifa, ujumbe wa malipo ya mteja hauonekani wala haulii. Ujumbe wenyewe haupotei, umo katika kisanduku cha ujumbe, lakini mama anaweza kuuona baada ya saa mbili. Sasa weka mahali pa malipo hayo simu kutoka wodini alikolazwa ndugu, au ujumbe unaoarifu kuwa fedha zimetolewa katika akaunti bila idhini. Mwenye akaunti aliyeona ujumbe huo mapema huwahi kupiga simu kwa mtoa huduma na kuzuia hasara. Aliyechelewa huambulia majuto.

Sababu ya pili ni joto na betri. Prosesa inayosukumwa kufanya kazi kwa kasi ya juu hutumia umeme mwingi, na umeme huo huishia kuwa joto. Betri za simu na kompyuta mpakato ni za lithiamu, na joto la mara kwa mara huzizeesha mapema. Tena, joto likizidi kiwango kilichowekwa, kifaa hujipunguzia kasi chenyewe ili kisiungue. Hivyo mchezo ulioanza kwa mbio unaweza kuishia kukwama, hasa katika simu ya bei nafuu iliyofunikwa kwa kava nene, tena mchana wa jua kali.

Sababu ya tatu ni kuzorota kwa kazi nyingine. Mtu anayecheza huku kompyuta inapakia picha, inanakili mafaili au inarekodi somo la video anaweza kuona kazi hizo zikienda polepole, kwa kuwa mchezo umetangulizwa mbele.

Sababu ya nne ni utambuzi wa makosa. Kifaa huamua chenyewe programu ipi ni mchezo, na programu isiyo mchezo inaweza kuingizwa katika orodha hiyo. Mtumiaji anayeona arifa zinatoweka kila anapofungua programu fulani aikague orodha hiyo kabla ya kumlaumu mtoa huduma wa mtandao.

Tukio la kujifunzia

Mwanzoni mwa mwaka 2022 watumiaji wa simu za Samsung, hasa nchini Korea Kusini, walilalamika kuwa huduma iliyoitwa Game Optimizing Service ilikuwa ikipunguza kasi ya simu zao wakati wa kucheza ili kudhibiti joto, nao hawakuwa na njia ya wazi ya kuizima. Geekbench, programu maarufu ya kupima kasi ya vifaa, iliziondoa katika chati zake simu za Galaxy za familia za S10, S20, S21 na S22. Mwezi Machi mwaka huo kampuni ilitoa sasisho lililomwezesha mtumiaji kujichagulia.

Tukio hilo lina mafunzo mawili. La kwanza, kipengele kinachoitwa cha kuboresha si lazima kiongeze kasi; kinaweza pia kuipunguza. La pili, kupunguza joto ni jambo la busara, lakini mwenye kifaa ana haki ya kujua kinachofanyika ndani ya kifaa alichokinunua kwa fedha zake, na ana haki ya kuchagua.

Pima kabla ya kuzima

Usizime kwa kusikia tu. Fungua mchezo unaoupenda na ucheze kwa dakika 15. Andika asilimia ya betri ulipoanza na ulipomaliza, gusa mgongo wa simu uone joto lake, kisha mwombe mtu akupigie na kukutumia ujumbe wakati unacheza. Zima hali ya mchezo, acha simu ipoe, urudie jaribio lile lile. Badili jambo moja tu kwa wakati mmoja. Ukibadili matatu kwa pamoja hutajua lipi lililoleta nafuu.

Jinsi ya kuzima katika kompyuta ya Windows

1. Fungua mipangilio kwa kubonyeza kitufe chenye nembo ya Windows pamoja na herufi I.
2. Chagua sehemu ya “Gaming”, kisha “Game Mode”. Sogeza swichi upande wa kuzima. Katika Windows 10 na Windows 11 swichi hii kwa kawaida huwa imewashwa tangu mwanzo.
3. Rudi nyuma ufungue “Captures”. Hakikisha kurekodi kwa nyuma ya pazia kumezimwa, kwa sababu kurekodi mchezo mfululizo hutumia prosesa na nafasi ya diski.
4. Katika Windows 11, nenda “System”, kisha “Notifications”, utafute mahali pa kuwasha hali ya usisumbue yenyewe. Ondoa alama katika mstari wa “When playing a game”. Hatua hii husahaulika mara nyingi, na mtumiaji hushangaa kwa nini arifa bado zinafichwa ilhali amekwisha kuzima Game Mode.

Ieleweke kwamba Game Mode ya Windows pia huzuia masasisho yasisakinishe viendeshi wala kuonyesha ujumbe wa kuiwasha upya kompyuta wakati wa mchezo. Ukiizima, hifadhi maendeleo ya mchezo wako mara kwa mara.

Jinsi ya kuzima katika vifaa vya Apple

Katika iPhone yenye iOS 18 au toleo la baadaye, kipengele hujiwasha mchezo unapofunguliwa, katika aina za simu zinazokikubali. Ukiwa ndani ya mchezo, fungua Kituo cha Udhibiti kwa kutelezesha kidole kutoka pembe ya juu kulia, gusa alama ya Game Mode, uizime. Katika iPhone za zamani zenye kitufe cha nyumbani, kidole hutelezeshwa kutoka chini.

Katika kompyuta za Mac zenye prosesa za Apple na mfumo wa macOS Sonoma au wa baadaye, hali hii hujiwasha mchezo unapojaza kioo kizima. Bofya alama yake katika mstari wa menyu juu ya kioo uizime, au uutoe mchezo katika kioo kizima.

Jinsi ya kuzima katika simu za Android

Simu za Android hutofautiana kwa mtengenezaji na kwa toleo. Njia inayofaa kwa nyingi kati yake ni hii:

1. Fungua Mipangilio, yaani “Settings” katika simu yenye lugha ya Kiingereza.
2. Katika kisanduku cha kutafuta kilicho juu, andika neno “game”. Orodha itakuonyesha kipengele husika kwa jina lililotumiwa na mtengenezaji wa simu yako.
3. Kifungue na uzime swichi kuu. Kama haipo, ingia katika orodha ya michezo na uondoe programu moja moja.
4. Katika simu za Xiaomi, kipengele hiki hupatikana pia ndani ya programu ya usalama iliyokuja na simu.

Kama unataka mchezo uende vizuri lakini usikose simu muhimu, si lazima kuzima kila kitu. Ukiwa ndani ya mchezo, fungua paneli ya mchezo iliyo pembeni mwa kioo, uzime kipengele cha kuzuia simu na arifa peke yake. Kwa simu ya familia, hili ndilo chaguo la chini kabisa tunalolishauri.

Tahadhari

Usipakue programu zinazoahidi kuongeza kasi ya simu au kupoza betri kwa mguso mmoja. Programu haina feni wala barafu. Inachoweza kufanya ni kufunga programu nyingine, jambo ambalo mfumo wa simu hulifanya wenyewe. Baadhi ya programu za namna hiyo huomba ruhusa ya kusoma ujumbe mfupi na orodha ya majina, kisha hujaza kioo matangazo yanayokula bando. Programu ya kuongeza kasi ikiomba kusoma ujumbe wako, jiulize: ujumbe wa benki una uhusiano gani na kasi ya mchezo?

Vilevile, sasisho kubwa la mfumo linaweza kurudisha mipangilio kama ilivyokuwa. Kila baada ya sasisho, rudi ukague. Na kama simu inapata joto kali hata pasipo mchezo, au betri imevimba, hilo si suala la mipangilio. Acha kuitumia, ipeleke kwa muuzaji au kituo cha huduma ukiwa na risiti na hati ya udhamini.

Wakati gani iachwe?

Aliye na simu yake binafsi, anayecheza kwa muda mfupi, na ambaye katika jaribio hakuona joto wala hakukosa arifa, hana sababu ya kuizima. Mtu huyo amekwisha kufanya jambo ambalo somo hili linalitaka: amepima na kuamua mwenyewe.

Maswali ya kujipima

1. Taja mambo matatu yanayobadilika hali ya mchezo inapojiwasha.
2. Kwa nini kasi ya juu inaweza kumalizikia katika kukwama?
3. Simu ya nyumbani kwako hupokea taarifa zipi ambazo kuchelewa kuziona kungeleta hasara? Je, mtoto akiwa anacheza sasa hivi, zingeonekana?
4. Fungua mipangilio ya simu yako leo, utafute neno “game”, na uandike ulichokikuta.