Kuhubiri Mambo ya Nchi Bila Kuifunga Biblia

Mahubiri yanayogusa siasa huharibika kwa njia mbili. Kuna mhubiri anayesoma aya moja, akaifunga Biblia, kisha akaanza kusimulia aliyoyasikia kwenye taarifa ya habari ya jana usiku. Na kuna yule anayezunguka mbali, Jumapili baada ya Jumapili, asije akaambiwa anachanganya dini na siasa. Waumini wa yule wa kwanza hurudi nyumbani na maoni ya mchungaji. Waumini wa yule wa pili hurudi na faraja isiyogusa shamba, mahakama, zahanati wala kura, ingawa huko ndiko wanakoishi kuanzia Jumatatu.

Makala hii ni kwa ajili yako unayepanda mimbarini na kutaka kuepuka njia hizo zote mbili: mchungaji, mwinjilisti, msomaji mlei, au mama anayeongoza ushirika wa nyumbani siku za Alhamisi. Nitakupa mbinu ambayo Kenya tuliiona ikifanya kazi katika miaka migumu sana, mikononi mwa David Gitari, askofu wa Kianglikana aliyetoka Kirinyaga na kuwa Askofu Mkuu kuanzia 1997 hadi 2002.

Kwanza msingi, maana mbinu bila msingi haikai. Mwanahistoria Mwingereza David Bebbington, katika kitabu chake cha 1989, aliwatambua Wakristo wa kiinjili kwa alama nne: wanashikilia kwamba mtu lazima aongoke, wanaipa Biblia mamlaka ya mwisho, wanaweka msalaba wa Kristo katikati, na imani yao huwasukuma kutenda. Watu wengi makanisani mwetu husimama kwenye hizo tatu za mwanzo na kuichukulia ya nne kuwa ni kushuhudia tu. Lakini waulize wazee walioguswa na Uamsho wa Afrika Mashariki, ule uliowaka Gahini, Rwanda, miaka ya 1930, ukavuka hadi Uganda, Kenya na Tanganyika. Mtu alipookoka alirudisha alichoiba. Alikwenda kwa mwajiri wake na kukiri, akalipa deni lililosahauliwa na kila mtu. Wakati wa vita vya Mau Mau, ndugu wa uamsho walikataa kula kiapo, na wengine wao wakakataa pia kushika bunduki upande wa serikali. Baadhi yao waliuawa kwa msimamo huo. Wokovu wa namna hiyo ulionekana na majirani, uliingia kwenye mifuko na kwenye mipaka ya mashamba.

Julai 1974 wainjili zaidi ya 2,000 kutoka nchi zipatazo 150 walikutana Lausanne, Uswisi. Kifungu cha tano cha Azimio lao kinaungama kwamba waliwahi kulipuuza jukumu la kijamii, na kwamba walikosea kuhesabu uinjilisti na kutetea haki kuwa vitu vinavyopingana. Basi ukisikia mtu akisema mhubiri wa haki ameuacha uinjili, mwonyeshe kifungu hicho. Wainjili wenyewe ndio waliokitia sahihi.

Sasa tuje kazini. Anza kwa kuchagua kitabu cha Biblia, usianze na mada. Ukianza na mada ya ufisadi utakwenda kutafuta aya za kuibeba, na kila mtu kanisani atajua umeamka na nani moyoni. Ukichagua kitabu na kukipitia sura kwa sura, ukatangaza ratiba mapema na kuibandika ubaoni, sura yenyewe itakuletea jambo kwa zamu yake. Akija mtu kulalamika kwamba umemlenga, unamwonyesha ratiba. Ratiba ya namna hiyo inakubana hata wewe, kwa kuwa utafika kwenye sura inayogusa kosa lako, na huwezi kuiruka mbele ya watu walioisoma nyumbani.

Halafu isome sura mara nyingi, kwa sauti, katika Union Version ya 1952 ambayo waumini wengi wameizoea, na katika Habari Njema ambayo vijana huielewa upesi. Usitafute funzo bado. Tafuta nani anafanya nini, kwa chombo gani, na nani hayupo. Hapa ndipo Gitari alipokuwa fundi. Mwaka 1987 alihubiri Danieli sura ya 6, na wanasiasa wakamjia juu. Isome sura hiyo polepole uone kwa nini. Wakuu wanamwendea mfalme Dario na kumwambia kwamba wakubwa wote wa ufalme wamekubaliana kuhusu sheria mpya ya siku thelathini. Wote? Danieli alikuwa mmoja wa wakuu watatu wa juu kabisa, na hakuulizwa. Mfalme anaharakishwa kutia sahihi sheria ambayo, kwa desturi ya Wamedi na Waajemi, haibatiliki, kisha anahangaika hadi jioni kumwokoa mtu anayemtegemea, asiweze. Kumbuka Kenya ya miaka hiyo. Agosti 1986 chama tawala cha KANU kilikuwa kimeamua kwamba wapiga kura wa mchujo wajipange mlolongo nyuma ya wagombea badala ya kupiga kura ya siri, na baadaye ikatumika kanuni kwamba anayepata zaidi ya asilimia 70 amepita bila kupingwa. Mhubiri aliyesoma kwa uangalifu habari ya sheria iliyopitishwa kwa haraka na kwa jina la watu wote hakuhitaji kuongeza chumvi.

Nikupe mfano wa kufanyia kazi wewe mwenyewe, 1 Wafalme 21, kwa sababu hakuna kanisa la mashambani lisilo na kesi ya ardhi ndani yake. Wahubiri wengi hukimbilia kwa Ahabu na Yezebeli, wakawapiga mawe hao wawili kwa dakika arobaini, watu wakasema amina na kwenda nyumbani. Soma tena. Ahabu anataka shamba la Nabothi ili alifanye bustani ya mboga, na anatoa bei nzuri. Nabothi anakataa kwa sababu ardhi ni urithi wa baba zake, na kwa torati ya Musa ardhi ni ya Bwana, haiuzwi moja kwa moja. Kisha zinakuja barua. Zimeandikwa kwa jina la mfalme, zimepigwa muhuri wa mfalme, zimetumwa kwa wazee na wakuu wa mji wa Nabothi mwenyewe. Inatangazwa saumu, yaani ibada. Wanaletwa mashahidi wawili, na hapo uwaonyeshe waumini kwamba torati ilitaka mashahidi wawili kamili kabla mtu hajauawa: uovu huu ulifuata utaratibu. Baadaye, katika 2 Wafalme 9:26, utagundua kwamba hata wana wa Nabothi waliuawa, ndiyo maana hakubaki mrithi wa kudai.

Sasa jiulize: katika hadithi hii, watu wanaokaa kwenye benchi zangu ni akina nani? Mfalme huenda hayupo kanisani kwako. Wazee wa Yezreeli wapo. Yupo mzee wa mtaa aliyetia sahihi kwamba anamjua muuzaji, yupo karani aliyegonga muhuri, yupo shemeji aliyekwenda mbele ya bodi ya udhibiti wa ardhi akasema mjane amekubali ilhali mjane hakuambiwa siku ya kikao. Barua ya Yezebeli isingeua mtu kama wazee wa mji mmoja mdogo wangekataa kuitekeleza. Ukilifikisha neno hapo umehubiri siasa ya nchi nzima, na umeihubiri kwa watu walio na uwezo wa kutubu asubuhi hiyohiyo.

Taja tendo kwa jina lake kamili na umwache mtu bila jina. Sema: kughushi hati, kumfukuza mjane baada ya matanga, kulipa shahidi. Usiseme fulani wa ng'ambo ya mto. Kumtaja mtu mimbarini ni kumhukumu mahali asipoweza kujibu, na tukishafanya hivyo tumekuwa mashahidi wawili wa Yezreeli sisi wenyewe. Na kila habari ya hakika unayotaja, iwe ni sheria, tarehe au kiasi cha fedha, ihakikishe kabla ya Jumapili. Mpigie simu mtu wa ardhi, soma gazeti lenyewe badala ya ujumbe uliosambazwa kwenye simu. Kosa moja dogo la ukweli litatumiwa kuzika hotuba nzima, na watakaoizika watakuwa na haki.

Kisha usishuke mimbarini bila kuufikia msalaba. Hapa mahubiri ya kiinjili yanaachana na hotuba ya mwanaharakati, hata pale yanapokubaliana kwa kila jambo lingine. Sura ya 21 haiishii kwenye hukumu ya Eliya. Ahabu anavaa magunia, anajinyenyekesha, na Mungu anaona. Ahabu, jamani! Kama kuna rehema kwa huyo, ipo kwa karani. Waonyeshe Kristo aliyehukumiwa naye kwa mashahidi wa uongo, akatolewa nje ya mji kama Nabothi, akafa kwa ajili ya waliomshtaki. Halafu wapeleke kwa Zakayo katika Luka 19, anayeahidi kurudisha mara nne, ili wajue toba inagharimu nini. Mimi naamini tumewanyima watu wetu kitu kikubwa kwa kuwaita mbele waombewe kisha kuwaacha waondoke bila kuuliza shamba litarudi lini.

Wageni waheshimiwa ni jaribu la pekee. Gari likiingia uani wakati wa wimbo wa pili, mhubiri mwenye njaa ya paa jipya hubadilisha hotuba kichwani. Amueni mapema, katika kikao cha wazee na kwa maandishi: mgeni atakaribishwa, ataombewa kama mwumini mwingine, hatapewa kipaza sauti, na sadaka yake itaingia kapuni bila kutangazwa. Septemba 2021, katika ibada ya kumweka wakfu askofu kule Butere, Askofu Mkuu Jackson Ole Sapit aliwazuia wanasiasa kuhutubia kanisani, na walikuwapo wakubwa wa kutosha siku hiyo. Kama lilifanyika mbele ya hao, linafanyika mbele ya mwakilishi wa wadi. Ugumu wenyewe uko kwenye fedha. Kanisa lililozoea kujengewa kwa harambee za wanasiasa haliwezi kuhubiri Nabothi bila kumtazama mfadhili usoni, kwa hiyo jengeni polepole kwa fungu la kumi lenu, hata kama mabati yatachelewa.

Iandike hotuba yote, neno kwa neno, hata kama hutaisoma. Maneno ya mhubiri husafiri haraka na hubadilika njiani. Chifu akikuita Jumanne, unampa karatasi. Hotuba za Gitari zilikusanywa mwaka 1996 katika kitabu, na leo yeyote anaweza kuona alichosema hasa. Lakini usidhani karatasi itakulinda kwa kila kitu. Aprili 1989 watu walivamia nyumba yake usiku. Alipanda juu ya paa akapiga kelele, na majirani ndio waliomwokoa. Mhubiri anayekusudia kusema kweli awajue majirani zake, na familia yake ijue anachokwenda kusema kabla hajakisema.

Kuna mambo yasiyofaa kusemwa mimbarini kwanza. Ukiwa na malalamiko mahususi kuhusu ofisi fulani, andika barua, wazee wote waitie sahihi, mwipeleke kwa mhusika. Maaskofu wa Uganda, wakiongozwa na Askofu Mkuu Janani Luwum, aliyeokoka katika uamsho ule mwaka 1948, walimwandikia Idi Amin tarehe 10 Februari 1977, wakaeleza waliyoyaona, pamoja na msako wa usiku nyumbani kwa Luwum. Siku sita baadaye Luwum aliuawa. Barua ile ilikuwa na tarehe, habari za hakika na watu walioisimamia, na hakuna aliyeweza kuiita uvumi.

Baada ya ibada baki kanisani. Watakuja watu wawili watatu wakisubiri wengine waondoke: mjane mwenye bahasha ya makaratasi, na pengine siku nyingine, gizani, yule aliyetia sahihi. Uwe umeshaongea na mwanasheria mmoja anayekubali kusikiliza bila malipo, na uwe unajua ofisi ya ardhi inafunguliwa siku gani. Mjane usimwahidi kushinda. Andamana naye tu siku ya kikao, ukiwa na mzee mwingine wa kanisa, mkae pale hadi jina lake liitwe. Yule wa gizani usimwache aishie kwenye machozi. Mpe karatasi aandike alichotia sahihi, lini, na mbele ya nani, kisha mwende naye kwa mwanasheria yuleyule.

Kama hujui uanzie wapi, anza na 1 Wafalme 17 hadi 22. Ni sura sita, majuma sita. Juma la kwanza ni ukame na mjane wa Sarepta, ambalo halitamwudhi mtu. Ya Nabothi itawafikia Jumapili ya tano, na majuma manne ya kumsikiliza Eliya na manabii wenzake yatakuwa yamewaandaa wao na wewe.